Kusimama Palipo na Kina

Kutoka Mbinga hadi Mbamba Bay ni lami ya kilomita 67 hivi. Unaanzia kwenye mibuni na ngoro, yale mashimo ya kilimo ya Wamatengo, kwenye baridi, unashuka milima hadi kwenye mchanga wa Ziwa Nyasa, ambalo kina chake kinafika takriban meta 700. Tangu 2012 pande hizi ni wilaya mbili, Mbinga na Nyasa. Kwa mwalimu wa kuogelea pia ni wanafunzi wa aina mbili, na sijui nani humtoa jasho zaidi.

Mtoto wa mlimani anaogopa maji. Mtoto wa ziwani hayaogopi hata chembe. Amejifunza kwa kaka zake ubavuni mwa mtumbwi, kichwa juu, mikono ikichapa maji, naye anaamini amehitimu. Mwalimu anayeijua kazi huwaanzisha wote wawili kwenye pumzi. Wanasimama maji yakiwa kiunoni. Mtoto anavuta hewa kwa mdomo, anazamisha uso, anaitoa yote humo humo hadi mapovu yaishe, anainuka. Anarudia mpaka uoga umchoke. Kisha analazwa chali, kiganja cha mwalimu kikiwa chini ya kisogo, masikio ndani ya maji, kitovu juu. Kiganja kinashuka kidogo kidogo, na mtoto hajui ni saa ngapi kilimwachia. Wahenga walisema mfa maji haachi kutapatapa. Mwalimu ameajiriwa kubishana na wahenga, na akifanya kazi yake sawasawa anawashinda.

Sifa, hata hivyo, humwendea anayeogelea. Mwaka 2000, huko Sydney, Eric Moussambani wa Guinea ya Ikweta aliogelea meta 100 kwa dakika 1 na sekunde 52.72, baada ya kujifunzia kwenye bwawa dogo la hoteli. Dunia ilicheka, kisha ikamshangilia. Ni wachache wanaokumbuka kwamba mwaka 2012 alikabidhiwa timu ya taifa lake aifundishe. Kwangu mimi hicho ndicho kipande kizito cha habari yake. Nasi tumewaona Hilal Hilal na Magdalena Moshi kule Rio 2016, kisha Collins Saliboko na Sophia Latiff kule Paris 2024. Waliowafundisha kuvuta hewa kwa zamu hatukuonyeshwa.

Lakini mbio za bwawani zina mstari chini na ukuta wa kugusa. Nyasa haina hivyo. Kwa hiyo nasema jambo ambalo huenda likawachekesha wengine: mchezo unaolifaa ziwa hili kuliko yote ni polo ya majini. Wachezaji saba kila upande, na ukimwondoa kipa hakuna anayeruhusiwa kukanyaga chini. Kabla ya mpira kuna miguu. Mchezaji anakaa wima kama aliyekalia kiti, magoti yamepanuka, mguu mmoja unazunguka huku na mwingine kule, kwa zamu, kama mtu anayesonga ugali kwa miiko miwili. Kifua kinainuka juu ya maji na mikono yote inabaki huru. Kocha huwatia wanafunzi mikono hewani na kuwaacha hivyo hadi mapaja yawake moto.

Sasa mfikirie mvuvi wa usipa, usiku, upepo wa kusini umeamka na mtumbwi umepinduka. Hahitaji kasi ya meta 50; ufukwe uko mbali mno. Anahitaji kusimama palipo na kina, ashike mtumbwi kwa mkono mmoja na mwenzake kwa mwingine, asubiri. Sidai kwamba kuogelea huokoa kila mtu. Kivuko cha MV Nyerere kilipopinduka tarehe 20 Septemba 2018, karibu kabisa na gati la Ukara, Ziwa Victoria, zaidi ya watu 220 walikufa, na wengi walinaswa chini ya kivuko. Pale dawa ilikuwa kutokujaza watu kupita kiasi.

Mwalimu hufundisha pia kutoingia majini. Anayezama kweli mara nyingi hapigi kelele, na ukimfuata mikono mitupu atakukumbatia mzame wote. Mtupie dumu tupu lililofungwa kifuniko, lenye kamba. Hufundisha mahali pia: mbali na mdomo wa mto Ruhuhu kwa sababu ya mamba, mbali na matete ya maji yaliyotulia kwa sababu ya kichocho.

Nungwi, Unguja, mradi wa Panje umefundisha wasichana kuogelea wakiwa wamejisitiri mwili mzima, na baadhi ya waliofundishwa wakawa walimu. Huko nako hakukusubiriwa bwawa. Mbamba Bay ina maji tayari. Vinavyotakiwa ni kamba, maboya, magoli mawili yanayoelea, mpira, na mtu aliyesomea kazi hii. Chama cha Kuogelea Tanzania, na nyinyi halmashauri za Mbinga na Nyasa: mleteni huyo mtu, na mumlipe mshahara.