Komoro Jamani! Ndiyo Kwanza Nimeiona

Jamani, Komoro! Safari ya ndege kutoka Dar es Salaam haifiki hata saa mbili, nasi miaka yote tunapanga likizo za mbali! Kabla ya kutua uwanja wa Hahaya, Karthala inajitokeza dirishani: volkano hai yenye kimo cha mita 2,361, mawe yake meusi yameteremka mpaka yakaingia baharini. Nyeusi, kijani, buluu. Utaangalia wapi uache wapi?

Kisha Moroni! Msikiti wa kale wa Ijumaa, mweupe pe, umeikabili bandari kwa matao yake, na historia yake inaanzia 1427. Nyuma yake ni vichochoro ambavyo mtu wa Lamu au Unguja atavipita bila kuuliza njia. Wanawake wamejipaka usoni msindzano, rojo la msandali, na hewa inanukia mlangilangi, ua ambalo mafuta yake huvukizwa hapa na kuuzwa kwa watengeneza manukato wa Ufaransa. Ufaransa ndiyo iliyotawala hapa hadi 1975, visiwa vya Ngazija, Nzwani na Mwali vilipojitawala. Kisiwa cha nne, Maore, kimebaki mikononi mwake mpaka leo.

Nzwani nayo ina vituko vyake! Mwaka 1952 mvuvi wa huko alimvua gombesa, samaki ambaye hadi 1938 wataalamu waliamini ametoweka tangu zama za dinosaria. Juu milimani huruka popo wa Livingstone, mwenye mabawa ya zaidi ya mita moja, asiyepatikana popote duniani ila Nzwani na Mwali.

Lakini Mwali, ah, Mwali! Ndicho kisiwa kidogo kuliko vyote, na ndicho kilichoniteka. Katika kijiji cha Itsamia kasa hupanda pwani usiku kutaga, na wanakijiji wenyewe ndio walinzi wao. Hifadhi ya bahari ipo tangu 2001, na kuanzia Julai hadi Oktoba nyangumi hupita na watoto wao.

Mapungufu yapo: hoteli ni chache, umeme hukatika, na boti ya kutoka Chindini, Ngazija, kwenda Mwali huchezeshwa na mawimbi vilivyo. Mpenda anasa hapamfai.

Wewe mwingine, nenda! Ukiwa na nafasi ya kisiwa kimoja tu, chagua Mwali. Beba euro taslimu, mavazi ya stara na viatu imara vya kupandia Karthala.