Graustark: Taarifa za Hadhara na Siri za Barua

Mwaka 1963, huko Brooklyn, New York, mwanafizikia John Boardman alianza kutoa kijarida alichokiita Graustark. Jina hilo ni la nchi isiyokuwapo duniani, iliyobuniwa na George Barr McCutcheon katika riwaya yake ya 1901. Shughuli kuu ya kijarida ilikuwa kuendesha kwa posta mchezo wa ubaoni uitwao Diplomacy, ambao Allan Calhamer aliubuni na kuutoa kwa fedha zake mwaka 1959, nakala 500. Calhamer huyo baadaye alishika kazi ya kupeleka barua majumbani, na mchezo wake nao ukaishi kwa barua.

Mchezo hauna dadu. Wachezaji 7 hushika dola 7 za Ulaya ya 1901 na kugombania vituo 34. Atakayepata 18 ndiye mshindi. Huandikiana kwa siri, wakaahidiana na kutishana, kisha amri za wote hufichuliwa kwa pamoja. Kwa njia ya posta, mchezo mmoja uliweza kuchukua miaka. Mhariri ndiye aliyekuwa mwamuzi: alipokea amri, akazipima, akachapa matokeo. Mchezo wa kwanza ulisajiliwa 1963A, na utaratibu huo wa mwaka na herufi ukapewa jina la Boardman.

Lililo muhimu kwa mpenzi wa fasihi ni kwamba vijarida vya aina hii vina lugha mbili. Ya kwanza ni ya amri. «A Ven-Tri» maana yake jeshi lililoko Venice liende Trieste. Ni herufi chache mno, lakini kwa Austria aliyeziamini ahadi za Italia, ni msiba mzima. Lugha ya pili ni ya taarifa za kubuni, ambazo wachezaji huzitunga kwa sauti za wafalme, mawaziri na majemadari. Humo mna kejeli, majigambo na viapo vya urafiki. Utamu hupatikana zinaposomwa pamoja, taarifa ikiapa na amri ikikana. Aliyelelewa na mashairi ya kujibizana hatahitaji mkalimani hapa.

Hata hivyo, zipo kasoro mbili. Kwanza, barua za siri hazichapwi. Msomaji huliona tendo asiione sababu, sawa na kusoma majibu ya mshairi mmoja bila ya beti za mwenzake. Ya pili ni nzito zaidi, nayo inatoka katika ubao wenyewe. Wanaosema ni dola tu. Vituo hunyakuliwa na kunyakuliwa tena, na wakaazi wake hawana kete wala amri.

Msomaji wa visiwani hawezi kulipita hilo kimyakimya. Katika mapatano ya 1890, Ujerumani ilikubali Zanzibar iwe chini ya himaya ya Uingereza, na Uingereza ikaitoa Helgoland, kisiwa kidogo cha Bahari ya Kaskazini, kwa Ujerumani. Ubao wa Calhamer unalo eneo la bahari lenye jina la Helgoland. Zanzibar haimo. Waliopatana wamo, na nusu ya bidhaa imo. Nusu ya pili imebaki nje ya ramani.

Je, Graustark kilaumiwe kwa hilo? Kwa ramani, hapana, kwani haikuwa yake. Kwa kucheka, hapana pia: kejeli zilizomo katika taarifa hizo huwavua mawaziri majoho yao. Lakini kicheko hicho ni cha waliokaa mezani, na kisomwe kwa kulijua hilo. Leo mchezo huu huchezwa zaidi kwa intaneti, na vijarida vya karatasi vimekuwa adimu. Anayebahatika kukipata kimoja atajifunza jambo lenye faida nje ya mchezo: kuisoma taarifa ya dola hadi mwisho, kisha kutazama majeshi yake yamepelekwa wapi.