Filamu Fupi ya Njozi: Anza na Kinachouzwa

Wengi huipima filamu fupi ya njozi kwa wingi wa maajabu yake. Mimi natazama bidhaa kwanza. Kama filamu inazungumzia uchu wa kununua, na jinsi unavyomfanya mtu awe mgeni katika nafsi yake, basi kinachonunuliwa tukione kwa karibu, na maajabu yatoke humohumo.

Yellow Fever (2012) ya Mkenya Ng'endo Mukii ndiyo shule. Ni dakika chache tu, na habari ni mkorogo. Mukii anamkumbuka msusi aliyejichubua: uso umebadilika rangi, lakini vifundo vya vidole vimegoma, vimebaki vyeusi. Ukishaviona vifundo hivyo, miili inapoanza kujipinda na kugeuka michoro huulizi kwa nini. Kisha anakuja mtoto wa kike, anaeleza kwa uchangamfu kabisa kwamba angependa kuwa mweupe. Hakemewi, wala hahubiriwi. Mtengenezaji dhaifu angepachika hotuba hapo.

Jambo jingine ni sheria. Katika Pumzi (2009) ya Wanuri Kahiu, maji hugawiwa kwa kipimo, jasho na mkojo husafishwa vinywewe tena, na watu huzalisha umeme kwa nguvu za miili yao. Asha, mhusika mkuu, humeza vidonge vya kuzuia ndoto. Dunia hiyo haivunji masharti yake hata mara moja, ndiyo maana anapounusa udongo nasi tunashtuka. Filamu ambayo lolote laweza kutokea humchosha mtazamaji upesi.

Sasa fikiria kijana wa Mwadui, Tanzania, mwenye kamera. Mgodi wa almasi wa hapo uligunduliwa na John Williamson mwaka 1940. Mwaka 1947 lilitoka jiwe la waridi la karati 54.5, yaani chini ya gramu 11, akatunukiwa Elizabeth wa Uingereza kwa harusi yake. Likakatwa, likawa pambo la kifuani lenye umbo la ua. Mwaka uleule wa 1947 kampuni ya almasi ya De Beers ilipata tangazo lake la kuwaaminisha wachumba wa Marekani kwamba almasi ni ya milele. Njozi imeshajiandika, haihitaji moshi wala mapepo. Ila akianzia London, ameshaipoteza. Aanzie Maganzo, jirani na mgodi, kwa mtu anayechekecha changarawe akitafuta jiwe ambalo mkewe hatalivaa, na kamera ikae kwenye chekeche hadi tujue uzito wake likiwa na maji.