Koo za Dawa

Mtu anayejiandaa kwa mtihani wa leseni ya udaktari huzijua dawa kwa mikia yake. Propranololi, atenololi, bisoprololi: ukoo mmoja, kazi yao kuutuliza moyo unaokwenda mbio. Kaptoprili na enalaprili ni wa nyumba nyingine. Hushusha presha, na baadhi ya wagonjwa huwaachia kikohozi kikavu kisichokoma.

Kukariri kupo, tena kwingi, na sitajidai kwamba kunapendeza. Ila utamu wa famakolojia huanza pale swali linapokuja na mtu. Bibi wa miaka 70, moyo wake umechoka, anameza digoksini kila siku. Juma lililopita miguu ilivimba, akaongezewa furosemidi, vidonge vya kupunguza maji. Leo anatapika, na anasema kila anachokitazama kina umanjano. Dozi ya digoksini haikuguswa. Kumetokea nini?

Aliyebeba majina matupu hukwama hapa. Aliyeelewa anakumbuka pampu ndogo iliyo kwenye ngozi ya kila seli ya moyo, ambako digoksini na potasiamu hugombania kiti kimoja. Furosemidi imeipeleka potasiamu chooni pamoja na mkojo. Kiti kimebaki wazi, digoksini imekaa itakavyo, na kidonge kilichokuwa dawa juzi kimekuwa sumu.

Pampu hiyohiyo ndiyo inayozibwa na sumu ya mishale iliyochemshwa na wawindaji wa pwani ya Kenya kutoka mti wa msunguti. John Kirk, kabla hajawa balozi wa Uingereza Zanzibar, alikuwa Zambezi na Livingstone mswaki wake ulipopakaa sumu ya mishale ya mmea wa jamii hiyo. Alipousugulia meno, mapigo ya moyo yakapungua. Kwenye sumu ile ikatolewa strofanthini, ikatibu mioyo kwa miaka mingi. Digoksini nayo hutoka kwenye ua la Ulaya. William Withering, aliyeandika kitabu juu ya jamii ya ua hilo mwaka 1785, alianzia kwenye dawa ya siri ya bibi mmoja wa Shropshire. (Madesa yetu hayamtaji bibi huyo. Nafikiri yanamdhulumu.)

Basi wewe unayepiga msuli usiku huu, mrudie yule mgonjwa anayeona manjano. Simamisha digoksini, kisha pima potasiamu.