Stoo ya Nation na uwanja wa Wagalla

Ukipata nafasi, tazama filamu mbili za Judy Kibinge usiku mmoja. Anza na Headlines in History (2010), inayohusu miaka 50 ya kampuni ya Nation, kisha weka Scarred: The Anatomy of a Massacre (2015). Mkono ni ule ule, lakini kazi ni tofauti kabisa.

Gazeti lililoanza 1960 lina stoo ya picha. Anayetengeneza filamu yake anaingia, anachagua, anatoka. Wagalla haina stoo. Februari 1984 wanajeshi waliwakusanya wanaume wa ukoo wa Degodia kwenye uwanja wa ndege karibu na Wajir, wakawavua nguo, wakawaweka juani siku kadhaa bila maji, wengi wakauawa. Serikali ilikubali vifo 57. Manusura wanataja maelfu. Katika hali hiyo mtengenezaji filamu anabaki na nini? Wazee, na makovu yao.

Kibinge alitoka kwenye matangazo ya biashara, McCann Erickson, mahali unapouza sabuni kwa sekunde 30. Dangerous Affair (2002), ya mapenzi ya Nairobi, bado ina spidi ile. Hata Something Necessary (2013), kuhusu mwanamke anayejaribu kuishi baada ya fujo za uchaguzi wa 2007, ni tamthilia: mwigizaji akilia vibaya unamwambia arudie. Mzee wa Wajir humwambii arudie. Ndiyo maana kwangu Scarred ndiyo kazi yake kubwa, hata kama zile nyingine ndizo zinazotajwa sana.

Lalama yangu iko kwingine. Filamu hizi zinazunguka Nairobi na kwenye matamasha, sisi huku Garsen filamu inaingia kwa flashi, na nyingi zina sauti ya DJ Afro. (Simdharau, jamaa anajua kazi.) Lakini Scarred inatuhusu kuliko wengi wanavyodhani. Kati ya Agosti 2012 na Januari 2013, zaidi ya watu 100 waliuawa katika delta ya Tana, Wapokomo na Waorma. Riketa. Kilelengwani. Tofauti na Wagalla, hapa kamera zilikuja. Tuliona maiti zetu kwenye taarifa ya saa moja, mama analia huku ripota akiongea juu ya sauti yake, dakika mbili, halafu michezo.

Kwa hivyo Tana ina stoo, ila funguo ziko Nairobi. Nani ataenda kuomba ile mikanda nzima, kabla haijakatwa, tusikie yule mama alikuwa anasema nini? Kibinge mwenyewe alianzisha Docubox, mfuko wa kusaidia watengenezaji dokumentari wa Afrika Mashariki, na uliisaidia New Moon ya Philippa Ndisi-Herrmann (2018), iliyopigwa Lamu. Barabara ya Lamu inapita hapa hapa Garsen. Sijaona bado filamu ndefu kuhusu 2012 iliyoshuka kwenye basi.

Manusura wa Wagalla walingoja miaka 31 kabla ya Scarred kutoka. Kwa hesabu hiyo, yetu itatoka 2043.