Uso Unaosema: Sanaa ya Ruan Lingyu

Ulimi unauma kuliko meno, na katika historia ya sinema ya China hakuna aliyeonja ukali wake kama Ruan Lingyu. Alizaliwa Shanghai mwaka 1910, akafiwa na baba angali mdogo, akalelewa na mama aliyekuwa mtumishi wa nyumbani. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1927. Machi 1935, akiwa na umri wa miaka 24, alijiua baada ya mambo yake ya nyumbani kuanikwa magazetini. Mwandishi Lu Xun aliandika makala kulaani usengenyaji huo. Tangu hapo, wengi huzitazama filamu zake kana kwamba wamehudhuria matanga, na sanaa yenyewe husahauliwa.

Ubora wa sanaa hiyo umo katika Shennü, filamu isiyo na sauti iliyoongozwa na Wu Yonggang mwaka 1934. Jina lenyewe ni fumbo: kwa nje ni mungu wa kike, kwa ndani, katika lugha ya mitaani ya wakati ule, ni kahaba. Ruan ni mama anayeuza mwili wake ili mwanawe apate elimu. Mwigizaji wa kipaji kidogo angemimina machozi tangu mwanzo. Ruan anayazuia. Mtoto anapoimba katika tamasha la shule, uso wa mama unang'aa kwa fahari, huku wazazi wengine wakinong'onezana kumhusu. Furaha ile ndiyo inayomchoma mtazamaji.

Filamu ina kasoro. Hotuba ndefu ya mwalimu mkuu, akieleza kuwa matatizo ya jamii ndiyo chanzo cha aibu hiyo, inarudia kwa maandishi yale ambayo uso wa Ruan umekwisha kuyasema. Lakini mwishoni, mama akiwa gerezani, sura ya mwanawe inamjia ukutani, naye anatabasamu. Hapo hotuba yote inasahaulika.

Shairi zuri halielezi kila kitu. Humwachia msomaji nafasi ya kuumia mwenyewe. Ndivyo alivyoigiza Ruan. Kumkumbuka kwa kifo chake pekee ni kuwaachia wasengenyaji neno la mwisho. Haki yake ni kutazamwa akiwa kazini.