Pongezi kwa Waliotoa Kamera Studioni

Mtayarishaji Tony Garnett na mwongozaji Ken Loach wanastahili heshima. Mwaka 1966 BBC ilipoonyesha Cathy Come Home, tamthilia yao iliyoandikwa na Jeremy Sandford, Waingereza wapatao milioni 12 walimwona mama kijana akihangaika bila makazi hadi maofisa wakampokonya watoto wake kwenye stesheni ya reli. Kamera ilibebwa mkononi, mitaani, katikati ya watu; ndiyo maana uchungu ule uliwaingia watazamaji.

Akaja mwandishi Jim Allen, aliyewahi kuchimba makaa ya mawe. Katika The Big Flame, tamthilia yake ya 1969, makuli wa Liverpool wanaitwaa bandari na kuiendesha wenyewe. Ujasiri huu ndio ninaouenzi zaidi: mfanyakazi aliachwa aeleze siasa zake kwa kinywa chake, kwenye televisheni ya umma.